Mkaguzi wa Viganja

Siku Hatem Ali Talukdar alipoigundua ofisi yake mpya, alikuwa amekaa kwenye kibanda cha chai, kichochoro cha nyuma ya kiwanda cha magunia pale mjini Narayanganj, Bangladesh, akinywa chai ya mtu mwingine. Ofisi yake ya kabla ya hapo ilikuwa ya mafuta ya kuotesha nywele. Aliifunga ghafla, kwa kupitia dirishani, baada ya wateja watatu wenye vipara kuja kwa pamoja kuulizia maendeleo.

Mbele ya kibanda, uani kwa Bibi Sokhina, mwalimu Parul alikuwa ameketi mkekani na akina mama kumi na wawili. Parul kazi yake ilikuwa kupita nyumba kwa nyumba akifundisha dawa ya mtoto anayeharisha: kopo la maji safi mpaka kwenye alama, konzi moja ya sukari guru, chumvi ya kubana kwa vidole vitatu mpaka pingili ya kwanza. Koroga, onja, mnyweshe kidogo kidogo. Yalikuwa mambo kumi ya kukariri, na jambo la saba alilirudia mara nne: chumvi isizidi. Ikizidi inamdhuru mtoto. Onja kwanza, ladha yake isipite ya machozi.

Hapo Momena, mkwe wa Bibi Sokhina, akamhamisha mwanawe Tuni kutoka goti hili kwenda lile, akauliza kwa sauti ndogo.

"Sasa dada, vidole vyangu na vyako havilingani. Nitajuaje kama vyangu ndivyo?"

Parul akacheka, akamwambia ulimi ndio utakaomjulisha. Lilikuwa jibu zuri, lakini hakuna aliyelisikia. Wanawake kumi na wawili walikuwa tayari wamenyanyua mikono, kila mmoja anapima vidole vyake na vya jirani, na kila mmoja anamwonea jirani huruma.

Hatem akaweka kikombe chini. Hofu mpya kabisa ilikuwa imezaliwa mtaani, na hakuna mtu aliyekuwa ameiwekea kiingilio.

Parul alipohamia vichochoro vingine, mtaa ukakaa siku tatu, kisha akaingia Bwana Mkaguzi. Suruali nyeupe iliyonyooshwa, miwani ya vioo vitupu, utepe wa fundi cherehani shingoni, daftari nene kama tofali, na mhuri aliouchonga mwenyewe kwenye kisigino cha ndala. Alijitambulisha kuwa anatoka Ofisi ya Viganja, kitengo cha vidole.

"Mwalimu amewafundisha kipimo," akawaambia. "Mimi nimekuja kuangalia kama vyombo mnavyo."

Ada ilikuwa kuku mmoja kwa kila kiganja. Na kwa haki ya Mungu alifanya kazi. Alipima dole gumba kwa urefu na kwa unene, akabonyeza, akanusa, akauliza kama katika ukoo kuna mtu aliyewahi kuvunja sufuria. Kiganja kilichofaulu kilipigwa mhuri wa zambarau katikati, na mwenyewe akatoka amekibeba mbele kama sinia. Mama Khokon alipewa Daraja la Pili, akachukia, akaenda nyumbani, akarudi na bata. Bata akapimwa, na Mama Khokon akapanda Daraja la Kwanza.

Bibi Sokhina alikuwa na kuku wawili na mikono miwili, akaona hesabu imejipanga yenyewe.

"Bibi, na huo wa kushoto utatilia chumvi?" Hatem akamuuliza, maana hata mjanja ana mipaka yake.

"Wewe piga. Nataka tu niwe nao."

Ilipofika zamu ya Momena, kuku walikuwa wamekwisha. Hatem akauangalia mkono wake kwa muda mrefu, kama mtu anayesoma simu ya msiba.

"Dole hili lina tamaa," akasema mwishowe. "Dada, mkono huu usikaribie chumvi." Akaandika hivyo hivyo daftarini, kwa wino mwekundu. Momena akauficha mkono chini ya sari yake, na tangu siku hiyo hata mchuzi wa nyumbani alitia chumvi mama mkwe.

Kila ofisi ina jambo moja ambalo mwanzilishi wake amelisahau. Hatem alisahau maji. Wino wake ulikuwa wa bei ya chini kabisa, ukiguswa na maji unaondoka, na hakuna mwanamke mwenye akili timamu atakayemwosha kuku wake akamwaga mferejini. Basi wanawake wa Daraja la Kwanza wakaacha kunawa mikono. Walitembea viganja juu, kama wamebeba mayai yasiyoonekana. Walikwenda chooni, wakarudi, wakalipita bomba la maji kama hawajawahi kutambulishwa nalo. Kuhusu ule mkono wa kushoto wa Bibi Sokhina, tusiulizane zaidi.

Kwa viganja hivyo hivyo wakawapondea watoto wali, wakawalisha. Na kwa kuwa Bwana Mkaguzi alikuwa mgeni wa heshima, naye alilishwa kila nyumba, biringanya za kuponda na samaki wa kukaanga, donge baada ya donge, kutoka mikono bora ya mtaa.

Wiki haikwisha, watoto wakaanza kuharisha. Wengi walipatwa kidogo tu, wakapona kwa kopo moja au mawili ya dawa. Ila Tuni, miezi kumi na mmoja, aliyekuwa akilishwa na bibi yake, alianza alfajiri na hakupumzika. Yalitoka maji matupu, meupe kama ya kuoshea mchele. Jua halijapanda vizuri, nepi nane zilikuwa kwenye kamba. Momena akamlaza mapajani, akatazama kama alivyofundishwa. Utosi umebonyea. Macho yamedidimia. Analia, machozi hayatoki. Akaibana ngozi ya tumbo, akaiachia, nayo ikarudi taratibu, kama kitu kilichochoka. Na tangu usiku hakuwa amekojoa.

Dalili zote alizijua. Dawa aliijua pia. Mkono ndio uliokuwa umekatazwa.

Bibi Sokhina akainua mikono yake ya Daraja la Kwanza, akaona jasho limeshafuta mhuri wa kulia na wa kushoto umebaki nusu. Akaogopa kugusa. Mtu akasema Bwana Mkaguzi yuko kibandani, ana tenga la kuku, anasubiri basi la Chandpur. Wanawake wakaenda kumchukua. Walimchukua kwa adabu sana, kutoka pande zote nne.

"Wewe ndiye mwenye kipimo," Bibi Sokhina akamwambia, akimwekea mbele kopo, chumvi na sukari guru. "Tengeneza."

Hatem siku ile ya Parul hakusikiliza vizuri mpaka pale hofu ilipozaliwa. Alikumbuka kuna konzi, na kuna kubana. Akaikunja mikono ya shati kwa madaha, akachota konzi moja iliyojaa ya chumvi, akaitia majini, kisha kwa vidole vitatu akabana punje chache za sukari guru, akanyunyiza kama mpishi wa harusi.

"Onja kwanza, bwana," Momena akasema.

Akajibiwa kuwa wakubwa wa ofisi hawaonji.

"Onja. Ni jambo la saba."

Hatem akaonja. Macho yakamtoka, masikio yakasogea nyuma. "Iko kwenye kiwango," akasema kwa sauti ya mtu aliyekabwa.

Momena akachovya ncha ya ulimi. Kisha akainua kopo, akalimwaga chini mbele ya watu wote.

"Mama, huyu hajui kitu."

Wanawake wakatazama viganja vyao, wakamtazama yeye, wakatazama kuku tengani. Mama Khokon akaenda kutafuta ufagio. Momena hakungoja. Alimpa bibi mtoto, akaenda bombani, akanawa mikono yote miwili kwa sabuni mpaka viwiko, akarudi. Akabana, mpaka pingili ya kwanza. Akatia konzi ya sukari guru, akakoroga, akaonja. Ilikuwa kama machozi, na wakati ule alikuwa nayo midomoni ya kulinganishia.

Lakini Tuni alikataa. Alifumba mdomo, akageuza uso. Kijiko kilichoingia kwa nguvu kilitemwa, na kilichomezwa kikatapikwa. Wakasubiri kidogo kama mwalimu alivyosema, wakajaribu tena, ikawa yale yale. Sasa hata kilio kilikuwa kimepungua.

Hatem alikuwa akiupima ukuta kwa macho wakati tumbo lake lilipotoa mlio wa gari linalokataa kuwaka. Akatoka mbio. Walidhani anatoroka, wakamkimbiza, kumbe amekwenda chooni. Akatoka, akarudi humo humo. Mara ya nne alitoka ameshika ukuta. Mara ya sita alitolewa, akalazwa mkekani kando ya Tuni, kijivu kama jivu. Bibi Sokhina akamfunua shati, akambana ngozi ya tumbo, kwa nguvu kuliko somo lilivyotaka.

"Huyu naye anaharisha," akatangaza.

"Dada," Hatem akamnong'oneza Momena, "nipe hiyo yako."

"Mkono wake usikaribie chumvi," akajibu Bibi Sokhina. "Si umeandika mwenyewe, kwa nyekundu?"

"Nilikosea kupima lile dole."

"Basi kuku mmoja kwa kopo. Na bata wa Mama Khokon ndiye kianzio."

Hatem alikubali kabla bibi hajamaliza. Momena hakuwa na moyo wa kumsikiliza mgonjwa akipatana bei, kijiko kilikuwa tayari mdomoni mwake. Hatem akameza. Chumvi ya mwanzo ilikuwa bado imemkaa kooni, kwa hiyo uso wake ulikunjamana wote kwa wakati mmoja, pua ikapanda, macho yakapishana, na masharubu yaliyotapakaa sukari guru yakasimama wima.

Tuni akaacha kulia. Akayatazama yale masharubu.

Momena akashusha pumzi polepole, asije akaiharibu ile hali.

"Bwana, fungua mdomo tena."

Hatem akafungua. Tuni naye akafungua. Kijiko kikaingia, akameza. Wakasubiri. Hakutapika.

Basi ikawa hivyo mchana kutwa. Kijiko kwa Bwana Mkaguzi, uso ukunjamane, kijiko kwa Tuni. Katikati Momena alimnyonyesha, kisha wanaanza upya. Bata akafunguliwa, kuku wakafunguliwa mmoja mmoja, wakarudi kwao. Alipokwisha kuku wa mwisho, Hatem akasema anajisikia mzima kabisa, na kuna basi la jioni. Bibi Sokhina akavikalia viatu vyake.

"Mtoto hanywi bila wewe," akamwambia, akitafuna tambuu. "Fungua mdomo, wewe ofisi."

Adhana ya magharibi ilipokaribia, Tuni alikuwa ameketi juu ya tumbo la Hatem, amemshika sharubu moja kwa kila mkono. Shavu lilikuwa limepata unyevu. Aliposhikwa kuondolewa alilia, na chozi likatoka, la kweli, likateremka mpaka kidevuni. Wakamrudisha haraka. Na hapo hapo, bila taarifa, akakojoa. Mkojo mrefu, wa moto, ukaenea suruali yote nyeupe.

Ua ukalipuka kwa vifijo. Mama Khokon akatupa ufagio. Bibi Sokhina akafunika uso kwa upindo wa sari, mabega yakamtikisika. Hatem akataka kuinuka, lakini Momena, analia na kucheka, akamkandamiza bega kwa ule mkono wake.

"Tulia, bwana. Mwache amalize."

Na Hatem Ali Talukdar, ambaye maisha yake yote alipigiwa kelele akiwa mbioni tu, akalala kimya, akamwacha amalize.