Wiki ya Kupe wa Diwani

Jumatatu, 4 Agosti 2003

Baridi. Hukumu imetolewa kabla ya chai. Mama Wangeci, mwenye ploti hii ya vyumba vya kupanga, alisimama mlangoni pangu ameshika kitambaa chake cha kanisani kwa vidole viwili, kama mtu aliyeshika mkia wa panya. Jana, katikati ya mahubiri, kiroboto aliruka kutoka kwake akatua kwa mke wa pasta. Mke wa pasta aliona. Akatabasamu. Tabasamu hilo ndilo lililommaliza Mama Wangeci.

“Kihara, hiyo mbwa yako itoke,” akasema. “Jumamosi akina mama wa kanisa wanakuja kuomba kwangu. Nisiikute hapa.”

Nikamwambia kwamba Diwani ni mbwa msafi. Papo hapo Diwani akaketi, akajikuna mpaka bati la choo likatetemeka.

Sawa, ana kupe. Masikioni wamejipanga kama punje kwenye gunzi. Viroboto ndio usiseme. Lakini nikirudi kutoka kazini watu wa ploti hunisalimu tu. Diwani peke yake ndiye hufurahi. Hatoki!

Odhiambo wa chumba cha pili, fundi wa nguo huko Ngara, akaingilia bila kualikwa. Eti kuna dawa ya kuoshea mbwa katika duka la dawa za mifugo Kawangware. Unachanganya na maji, unasugua, kwisha. Nikamshukuru kwa ubaridi. Huyu ndiye aliyesema mwaka jana kwamba antena yangu imeangalia vibaya. Akaigeuza, na picha ikaonekana! Mbele ya Nthenya wa chumba cha nne! Siwezi kumpa ushindi wa pili.

Jumanne, 5 Agosti

Wazo! Limenijia mjini, ofisini, nikipanga mafaili ya wakili. Kule Narok kwa mjomba hakuna anayemsugua ng'ombe. Ndege huja wenyewe, wakapanda mgongoni, wakala kupe, wakaenda zao. Maumbile yana wafanyakazi wake! Odhiambo hajawahi kufika Narok.

Ndege wale hawako huku mtaani kwetu Satellite. Lakini kuku wako. Kuku wa Mama Wangeci hula kila kitu, pamoja na sabuni yangu. Kesho.

Jumatano, 6 Agosti

Asubuhi nikawaingiza kuku watatu na Diwani katika bafu la ploti, nikafunga. Nikatega sikio. Kimya. Halafu mdomo ukadonoa mara moja. Halafu kilio ambacho sijawahi kukisikia kwa mbwa.

Haki ni haki: kuku alimwona kupe. Alimdonoa vizuri kabisa, pamoja na kipande cha sikio. Diwani akatoka na mlango.

Sasa akiona kuku anajificha chini ya kitanda changu. Na kuku nao wameanza kujikuna. Mama Wangeci ameuliza wamepatwa na nini. Nikasema ni hii baridi.

Nthenya, ambaye ni mwalimu wa nasari na hucheka kama mwalimu wa nasari, alicheka mpaka akashika ukuta. Odhiambo alikuwa kando yake, naye akicheka. Nimeona.

Alhamisi, 7 Agosti

Kosa langu lilikuwa kutumia ndege wa kawaida. Bingwa wa kupe ni kanga, yule ndege mwenye madoadoa meupe. Saa ya chakula nikashuka Ngara, nikampata mmoja sokoni, miguu imefungwa, macho ya hakimu. Muuzaji aliapa kwamba huyu hapigi kelele. Nikamficha ofisini katika chumba cha mafaili, ndani ya boksi la kesi za mashamba.

Alasiri akaja mzee mmoja kula kiapo mbele ya wakili. Alipofika pale pa “naapa kwamba haya yote ni kweli,” boksi likalia kama bawaba yenye kutu. Kre-kre-kre-kre! Mzee akaacha kuapa. Akatazama dari. Kisha akaomba, kwa sauti ndogo, arekebishe jambo moja katika maelezo yake.

Wakili akanigeukia. Nikasema ni lifti. Jengo letu halina lifti.

Nyumbani nikamfungua kanga mbele ya Diwani. Hakumwangalia hata! Akaruka juu ya bati, akapiga kelele mpaka watoto wa ploti tatu wakaja kutazama. Mwisho akavuka ukuta kuelekea Kawangware. Nadhani ameshaliwa. Diwani bado anajikuna.

Ijumaa, 8 Agosti

Kesho ndiyo kesho. Asubuhi Diwani aliweka kichwa juu ya kiatu changu, akabaki hivyo. Nikamwambia asiogope.

Nikaomba ruhusa kazini, eti naumwa. Kwa maana nilikuwa nimemkumbuka shosho, bibi yangu. Alikuwa akisema siafu wakiingia nyumbani, toka nje, uwaachie. Ukirudi hukuti kiroboto, kombamwiko wala panya. Jeshi zima!

Nimeshinda Uthiru kando ya shamba la nduma, nikichota siafu kwa kijiko na kuwatia katika mkebe. Nimeumwa mahali ambapo sitapataja hata humu.

Nimerudi jioni nikichechemea. Diwani ana unyevunyevu na ananuka kama hospitali. Sikuwa na nafasi ya kuchunguza. Odhiambo alikuwa anaanika brashi uani. Watu wengine hawana kazi.

Jumamosi, 9 Agosti

Mpango ulikuwa safi. Niwafungulie siafu chumbani asubuhi, wawale viroboto wote wa sakafuni na kitandani, kisha waondoke kabla wageni hawajafika.

Siafu hawakuujua mpango. Walitoka chini ya mlango wangu kwa mstari mweusi, mzuri sana, wakapita kwa Odhiambo bila kugeuka, wakafuata harufu ya nyama iliyokuwa ikikaangwa kwa Mama Wangeci. Nikajaribu kuwarudisha kwa ufagio. Wakanipanda.

Akina mama walikuwa wamefumba macho wakiomba. Wa kwanza kuumwa alikuwa mke wa pasta. Akapiga yowe, akaruka. Wenzake wakajibu “Amina!” Akaruka wa pili. “Amina!” Nami nikiwa dirishani nakiri kwamba sijawahi kuona maombi yenye nguvu kama yale. Halafu mmoja akafumbua macho akasema, “Ni siafu!” na ibada ikahamia barabarani, nusu yao bila viatu.

Odhiambo akatokea na majivu na mafuta ya taa, akawazuia siafu. Angekosa?

Jumapili, 10 Agosti

Kesi imesikizwa uani. Mama Wangeci amekaa kitini, mguu umevimba. Akaagiza Diwani aletwe. Nikamleta. Sikuweza kutazama.

Akamgeuza masikio. Akampekua tumbo na mkia. Hakuna kupe! Hakuna kiroboto!

“Mbwa iko safi,” akasema. “Hii ibaki. Wewe, Kihara, mwisho wa mwezi utafute pengine.”

Nikaanza kueleza kwamba basi siafu wamefanya kazi. Nthenya akanikatiza.

“Wacha hiyo, Kihara. Odhiambo alimwosha Ijumaa, ukiwa huko kwa siafu zako. Mimi ndiye nilimshika.”

Odhiambo akaangalia chini. Akasema aliona vile nampenda huyu mbwa, na kwamba mimi huwa siambiliki. Hakusema kwa ubaya. Hilo ndilo liliniuma.

Jioni Diwani alijilaza mlangoni kwa Odhiambo. Nikamwita. Akatikisa mkia, lakini hakuinuka. Sikula.

Jumanne, 12 Agosti

Habari njema! Odhiambo amenitetea kwa Mama Wangeci. Ninabaki, mradi niahidi kutopitisha tena getini kitu chochote chenye uhai. Nimeahidi mbele ya watu. Diwani amerudi chini ya kitanda changu, anakoroma. Nimempa Odhiambo mkono, nikamwambia asante, na nilimaanisha. Ingawa siafu nao walichangia.

Sasa Mama Wangeci analia na fuko, wale panya wa ardhini. Wanamchimbia viazi vitamu nyuma ya choo, wanamaliza. Odhiambo amesema atatega mtego. Mtego!

Mimi wiki hii nimejifunza mengi. Kuku alishindwa kwa sababu ana mdomo mkali. Kanga alitoroka kwa sababu ana mabawa. Siafu walipotea kwa sababu ni wengi na wana miguu mingi. Kwa hivyo anahitajika mnyama mmoja tu, mkimya, asiye na mdomo wa kudonoa, asiye na mabawa, asiye na mguu hata mmoja. Kuna mtu Ngara anamjua mtu. Anasema mnyama huyo ni mpole, urefu wake si wa kutisha, na humeza fuko mzima bila kutafuna. Kesho nikitoka kazini napitia na gunia.

Nimeifikiria ile ahadi. Ilitaja geti. Chumba changu kina dirisha upande wa barabara.