Hotuba ya Zawadi Uani kwa Mama Zaina

Leo nimeaibika, jamani, na mbele ya ukoo mzima wa watu.

Mnajua nimeanza kazi ya kupiga picha za filamu. Zamani nilikuwa nabeba taa na nyaya tu. Leo, kwa mara ya kwanza, kamera ilikuwa mikononi mwangu. (Tangu jana mtaa mzima ulikuwa na habari. Mimi ndiye niliyewapa.) Asubuhi tukavuka mto, mimi na mkubwa wangu Ramazani, mwenye filamu, tukaenda Alunguli kwa mama mmoja mtu mzima aliyekubali kusimulia mambo ya vita.

Alikubali kwa sababu kamera inashikwa na mwanamke. Tena alikuwa na haja yake. Wakati wa vita alikimbilia porini na watoto wawili, akarudi na mmoja, Saidi, aliyekuwa bado wa kubebwa mgongoni. Sasa Saidi ana ndevu, na hajawahi kuambiwa dada yake alikufaje.

"Siwezi kumuelezea macho kwa macho," mama alituambia. "Aone mu kamera, leo leo, kabla hamujaenda. Wengine walikuya kutupiga picha, hatukuona kitu."

Nikapanga vyombo. Kile kitaa chekundu kinachoonyesha kuwa kamera inarekodi nilikibandika plasta, kisimtishe mama. (Ujuzi huo! Niliuona kwenye simu.) Jua nalo lilikuwa linapiga kioo cha kamera, sioni kitu. Nikabonyeza kitufe cha kurekodi mara moja, kujaribu. Ramazani akaniambia nianze, nikabonyeza tena.

Hapo mtu mwenye akili angejiuliza. Kitufe ni hicho hicho kimoja: ukibonyeza inawaka, ukibonyeza tena inazimika.

Mama alisimulia mpaka akalia. Ramazani akalia. Mimi pia nililia, nimesimama kitaalamu nyuma ya kamera iliyozimwa. Alipomaliza, nikabonyeza ili kuizima. Mama akaingia ndani kunawa uso, Ramazani akatoka kupiga simu. Nikabaki uani peke yangu, moyo umejaa. Nilijua kazi hii itapata zawadi kwenye mashindano ya filamu. Basi nikaenda mbele ya kamera, nikajaribu hotuba ya kuipokea.

Saidi akafika na mke wake, majirani wakafuata na watoto wao. Tukafungua kompyuta ya Ramazani. Mama alikaa nyuma kabisa, amejifunika kitenge mpaka mdomoni. Saidi alikaa mbele, mikono juu ya magoti.

Picha ya kwanza: kuku, na miguu yangu. Nikasema hiyo ni ya kujaribu.

Picha ya pili: mimi. Mkono kifuani, nainamia watu wasiokuwepo.

"Merci, merci," nilikuwa nasema. "Zawadi hii ni ya mkoa wetu wa Maniema yote. Namushukuru pia ule mama wa Alunguli, mama... mama nani tena? Bon, jina nitatafuta."

Picha ya tatu haikuwepo.

Watoto walicheka. Walipoona wakubwa hawacheki, wakanyamaza. Ramazani alikuwa anaangalia viatu vyake. Saidi akauliza taratibu maneno ya mama yake yako wapi. Nikajibu kwamba hayapo, na kosa ni langu. Nilitamani ardhi inimeze, na kamera yangu, na plasta yangu.

Mama akasimama.

"Jina yangu Zaina," akaniambia. "Zima ile kitu." Kisha akamgeukia mwanawe, akamwonyesha pa kukaa karibu naye. "Saidi, kuya, ikala hapa."

Akamwelezea yeye mwenyewe, tangu mwanzo: jina la dada yake, homa iliyomshika, mahali walipomzika. Saidi akalaza kichwa kwenye goti la mama yake, na ndevu zake zote. Sisi wengine tukatoka uani. Kamera niliiacha pale pale, niliona aibu hata kuifunga.

Baadaye mama alitutolea chai. Akasema turudi Jumamosi. Sasa Saidi ameshajua, kwa hiyo yeye mama anaweza kusimulia tena mbele ya kamera bila woga. Ila nije na mtu anayejua kamera.

Kama unamjua mtu huyo, tafadhali niandikie. Kucheka, chekea huko huko kwako.