Margarita Moja Mbele ya Shahidi Mkavu

Inatangazwa kwa wananchi wote wenye glasi, ndimu na nia njema kwamba kuanzia sasa hakuna mtu atakayechanganya margarita nyumbani kwake kiholela. Zama za kumimina kwa kukisia zimepita. Serikali imeona, imetafakari, na imeunda Mamlaka ya Vinywaji Mchanganyiko vya Majumbani, yenye jengo, lori, na mimi.

Mimi ndiye Shahidi Mkavu wa mtaa huu. Kanuni inasema kinywaji cha aina hiyo kichanganywe mbele ya mtu ambaye hajaonja pombe tangu azaliwe, kwa sababu aliyewahi kuonja ana maslahi binafsi. Mkurugenzi mwenyewe alikuja kututafuta kwenye nyumba ya ibada. Akauliza nani hajawahi kuonja. Mikono ikainuka kila pembe. Akasema vizuri, tutawauliza majirani zenu. Mingi ikashuka. Akasema, na wenzi wenu pia. Ukabaki wangu peke yake. Marehemu mume wangu hakuwepo wa kuulizwa, ingawa najua angenitetea.

Nikapewa kofia, filimbi na muhuri, wa kutumika Mkurugenzi akisharidhia. Nikafundishwa kwa picha: tekila, pombe tamu ya machungwa, maji ya ndimu, barafu, na chumvi kwenye ukingo wa glasi. Naijua margarita kama ninavyoijua dhambi, kwa kusimuliwa. Mkurugenzi alisema huo ndio utaalamu hasa.

Mwombaji wa kwanza mtaani kwetu alikuwa shemeji yangu, mdogo wa marehemu. Ni fundi wa mafriji. Nilitangaza kwamba tuna undugu, nikaambiwa undugu wa kupitia marehemu haufiki ofisini.

Shemeji alinifuata barazani, kofia mkononi.

"Shemeji, mke wangu anarudi."

Mkewe alikuwa ng'ambo miaka mingi, akipika kwenye hoteli. Aliondoka kwa sababu moja ambayo mtaa mzima unaijua: mume alitengeneza mafriji ya watu wote, na la kwake likabaki kabati la viatu. Kila mwaka alisema wiki ijayo. Mwishowe mke akafunga sanduku.

"Amesemaje?"

"Amesema hataki maua, hataki hotuba. Anataka margarita, niichanganye kwa mikono yangu, na barafu itoke kwenye friji letu. Akiikuta, anabaki. Akikuta maneno, teksi iliyomleta ndiyo itakayomrudisha."

"Na friji?"

"Linaganda, shemeji! Nimelitengeneza. Njoo uguse."

Nikaenda nikagusa. Lilikuwa baridi kama ahadi ya ofisi. Nikamwambia margarita bila kibali ni kosa, na lori la Mamlaka halimjui shemeji wala wifi. Akaomba kibali. Ndiyo maana mchana wa siku ya siku tukawa jikoni kwake, mimi nimekaa kwenye stuli na kofia yangu, na maofisa wawili wamesimama kati ya meza na jiko.

Wa kwanza alikuwa Afisa Madini, kwa sababu chumvi ni madini. Wa pili alikuwa Afisa Maji, kwa sababu barafu ina asili yake. Afisa Kilimo, mwenye dhamana ya ndimu, alituma udhuru.

Shemeji akapaka ndimu ukingoni mwa glasi, akaigeuza kichwa chini ili aichovye kwenye sahani ya chumvi.

"Simama hapo hapo!" akasema Afisa Madini. "Unasafirisha madini."

"Mheshimiwa, ni chumvi ya jikoni."

"Ilipokuwa kwenye kopo ilikuwa ya jikoni. Sasa iko safarini."

"Inasafiri kwenda wapi? Si hapa kwenye glasi?"

"Ndipo wote wanapoanzia."

Akaruhusiwa kuchovya punje kwa punje chini ya usimamizi. Kazi ikaenda vizuri mpaka ilipotoka barafu. Afisa Madini akainua kipande kwenye mwanga wa dirisha.

"Ngumu. Inang'aa. Imetolewa kwenye kina kirefu. Hii nayo ni ya kwangu."

"Maji hayo, ndugu yangu," akasema Afisa Maji.

"Yako wapi maji? Nionyeshe maji."

"Subiri."

Afisa Maji akavuta kiti, akaketi mbele ya bakuli la barafu, mikono magotini, kama mtu aliyepeleka mgonjwa hospitali. Tukasubiri sote. Barafu ikaanza kulia. Ilipokwisha kuyeyuka akasimama, akasema sasa ni mali ya idara yake, na akaimwaga kwenye sinki kwa kuwa haikuwa na mita.

Shemeji akatoa nyingine. Yakawa yale yale.

"Jamani," akasema, jasho linamtoka, "nikiitoa inayeyuka, nikiiacha ndani mnasema nimeificha. Nifanyeje?"

"Ufuate utaratibu," wakajibu kwa pamoja. Ndilo jambo pekee walilokubaliana siku ile.

Simu ya shemeji ikalia. Aliiweka wazi tukasikia wote.

"Nimeshapata teksi," akasema mkewe. "Barafu ipo?"

"Ipo, mke wangu!"

"Ya kwetu au ya kuazima?"

"Ya kwetu, haki ya Mungu."

"Usiape. Nitafungua mlango wa hilo friji mwenyewe."

Nikapuliza filimbi. Kanuni inaniruhusu kupuliza pale maofisa wanapokwama, ili Mkurugenzi aje kukwamua. Alikuja na lori la kubebea vielelezo vya kesi, lenye turubai na dereva, maana kila aendako hutarajia kukuta kosa.

Akasikiliza pande zote. Akafunga macho. Kisha akaamua kwamba barafu ni ya Madini ikiwa angani na ya Maji ikigusa kinywaji. Tukapumua. Akaamuru pia lichanganywe jagi zima, kwa sababu glasi moja haiwezi kuwakilisha wananchi.

"Lakini mheshimiwa, nina chupa moja tu ya tekila. Ni ya mke wangu."

"Mkeo si mwananchi?"

Shemeji akachanganya. Sikuwahi kumwona mtu akikamua ndimu kwa unyenyekevu namna ile. Tekila ikaisha yote. Jagi likaingizwa kwenye friji lipoe, likatolewa, na kila ofisa akamiminiwa sampuli, nami nikamiminiwa ya kwangu kama kanuni inavyotaka. Hakuna aliyewahi kuniambia Shahidi Mkavu aifanyie nini sampuli yake. Nikairudisha kwenye friji, nikaketi.

Mkurugenzi akaonja. Akasema ulimi ulishtuka, kwa hiyo onjo la kwanza halihesabiki. Akaonja la pili. Akasema sasa anahitaji la kulinganisha. Afisa Madini akaomba kuthibitisha upande wa chumvi. Afisa Maji akaomba kuthibitisha upande usio na chumvi. Wakabadilishana pande. Shemeji alikuwa anatazama jagi linavyoshuka kama mtu anayetazama nyumba yake ikiuzwa.

"Mheshimiwa," akasema, "basi nigongewe muhuri, nimbakizie mke wangu kidogo."

"Kijana, usiingilie sayansi."

Jagi likakauka. Mkurugenzi akaliinamisha, akalichungulia, na uso wake ukabadilika. Alikuwa amegundua kosa.

"Hiki kinywaji kimenywewa," akasema, "na hakikuwa na muhuri."

"Mmekinywa nyinyi!"

"Nani alikichanganya?"

Shemeji akajitazama mikono inayonuka ndimu.

"Kanuni iko wazi. Kinywaji kisicho na muhuri kinachukuliwa pamoja na chombo chake. Chombo chake ni jagi. Jagi lilikuwa ndani ya friji. Kwa hiyo friji ni chombo. Dereva! Pakia friji."

Hapo shemeji alipiga magoti. Sijawahi kumwona akipiga magoti hata kwenye ibada, na nimemwombea hilo miaka mingi.

"Mzee wangu, chukua jagi. Chukua meza. Chukua hata mimi. Friji niachie hadi jioni tu, akishalifungua uje ulichukue."

"Mimi sina ubaya na wewe," akasema Mkurugenzi, akishika ukuta. "Ila kinywaji kilipo, ndipo chombo kilipo. Tukilegeza hilo, nchi imekwisha."

Nikasimama. Nina utii, na mtu mwenye utii akielezwa kanuni hutaka kuielewa vizuri.

"Mkurugenzi, samahani. Kinywaji chenyewe kiko wapi sasa hivi?"

Akacheka. Akajipigapiga tumbo.

"Mama, kiko mahali salama kabisa."

"Na cha hawa?"

"Hapa," akasema Afisa Madini, akijigusa. Afisa Maji hakuweza kusema, ila alionyesha.

"Basi nimeelewa," nikasema. "Dereva, acha friji. Pakia hivi vyombo vitatu."

Dereva alimtazama Mkurugenzi, akanitazama mimi, akajikuna shingo.

"Dereva, usithubutu!" akafoka Mkurugenzi. "Naamuru mimi!"

"Bosi, wewe mwenyewe ulipiga marufuku," akasema dereva kwa heshima. "Tangu ile siku tuliyopakia jeneza la watu kwa amri ya mlevi. Ukasema amri ya kupakia itolewe na aliye mkavu tu. Wa Mamlaka walio wakavu humu ndani ni mimi na mama, na mimi ni dereva."

"Nilikuwa nasema kwa ujumla!"

"Ndivyo tulivyoipokea, bosi. Kwa ujumla."

Hawakuwa wazito kama friji. Afisa Maji alipanda mwenyewe, akashukuru. Afisa Madini aliuliza kama atalipwa posho ya safari, akaambiwa kielelezo hakina posho, akalia. Mkurugenzi alishikilia nguzo ya baraza, tukamwachanisha nayo kidole kwa kidole. Nikawabandika vibandiko vya vielelezo kwenye vifundo vya miguu, nikawaombea safari njema. Niliomba kwa moyo wangu wote, maana turubai lile lina vumbi.

Teksi ikasimama nyuma ya lori. Wifi akashuka na sanduku lake, akamwambia dereva wa teksi asizime gari.

"Hawa ni akina nani?"

"Vyombo," nikasema.

Hakuuliza zaidi. Akapita moja kwa moja jikoni. Shemeji alikuwa amesimama kando ya jagi tupu, midomo inacheza, hotuba iko tayari kumtoka. Nikamkanyaga mguu.

Wifi akafungua friji. Taa ikawaka. Ubaridi ukamgonga usoni, akafumba macho kidogo. Ndani ilikuwemo glasi moja, imetoa jasho, sampuli yangu. Nikawahi kuitoa, nikaigonga muhuri chini ya kitako mbele ya macho yake, maana kwa wakati ule hapakuwa na mwingine wa kuridhia. Nikamkabidhi. Mungu anisamehe, nilikuwa kazini.

Akaonja. Akamtazama mumewe.

"Umezidisha ndimu."

"Nitapunguza," akasema shemeji. Alitaka kuongeza neno, nikamkanyaga tena.

Akanywa hadi mwisho, amesimama, mlango wa friji uko wazi. Kisha akatoka nje akamlipa dereva wa teksi, akarudi akiburuta sanduku, akalipitisha sebuleni hadi chumbani. Mimi nilichukua kofia yangu nikaenda zangu.

Kesi ya kinywaji kisicho na muhuri ilisikilizwa upesi, kwa sababu Mamlaka haina masihara. Karani alimwita mlalamikaji, yaani Mkurugenzi. Akajibiwa kwamba yupo stoo, kwenye rafu, amebandikwa. Akaletwa. Alikuwa amekwisha kulevuka na alizungumza vizuri sana, kwa vifungu, kuhusu yeye ni nani na amesoma wapi.

Hakimu alimsikiliza kwa mshangao, kisha akamgeukia mwendesha mashtaka.

"Kielelezo chako kinazungumza."

"Tutakidhibiti, mheshimiwa."

Ikaamriwa kihifadhiwe mahali penye giza na ubaridi, kisipoteze ubora, hadi Mkurugenzi wa Mamlaka atakapofika kutoa ushahidi. Mkurugenzi akapaza sauti kwamba anakata rufaa. Hakimu akavua miwani, akamwuliza kwa upole kabisa tangu lini jagi likakata rufaa.