Lalamiko Rasmi Kuhusu Mji Uliofutwa Sebuleni Kwetu

Kwako Mama yetu, uliyetutangulia sote kuliona jua, na ambaye bila wewe kikao hiki kisingekuwa na mjumbe hata mmoja;

Kwako Kaka Mkubwa, Mwenyekiti wa vikao vya familia na msemaji wetu katika furaha na misiba;

Kwako Wifi, mwenye nyumba, uliyekubali kwa mara nyingine sebule yako igeuzwe ukumbi;

Kwako mdogo wangu, dereva wa lori, unayejulikana barabarani na nyumbani kwa jina la Breki, nikikuomba kwa heshima zote usianze kucheka kabla hatujafika hoja ya tatu;

Na kwenu nyote, watoto wetu, mliokaa chini kwa sababu viti vimekwisha:

Nawasalimu kwa unyenyekevu.

Nimeona niandike badala ya kusema, ingawa nitakuwa nimeketi humuhumu barua hii ikisomwa. Nikisema, Kaka hutazama saa, Breki hutazama dari, na Wifi huniuliza kama nimekunywa dawa ya goti. Maandishi hayaulizwi habari za goti. Namwomba Kaka asome mwenyewe, kwa sauti yake ile ya kwenye harusi, bila kuruka mstari.

Lalamiko langu ni hili. Binti wa kaka yangu, muuguzi wa wodi ya watoto, mtoto niliyembeba mgongoni mimi mwenyewe, amefuta mji. Amefuta mji mzima wenye watu ndani yake, akiwa ameketi kwenye mkono wa kochi, soksi moja mguuni na nyingine begani.

Kwa faida ya wasioishi humu, nieleze. Binti ana kifaa cha kuchezea cha kushika mkononi, ambacho ninyi nyote mnakiita gemu. Ndani yake mna mchezo ambao mchezaji hufika mahali patupu, magugu na mawe matupu, akakabidhiwa koleo na kuambiwa ajenge. Akijenga nyumba, mtu huhamia. Akichimba kisima, wengine hufuata. Kila jioni mchezaji hukihifadhi alichokijenga, na kesho yake hukikuta kilipo. Hicho kilichohifadhiwa ndicho mji wenyewe. Ukikifuta, unarudi kwenye magugu.

Tangu nistaafu na kuhamia chumba cha uani hapa kwa Kaka, Binti alikuwa akirudi kazini anaketi kwenye mkono wa kochi, mimi nikiwa ndani ya kochi, na tunajenga. Yeye alibonyeza, mimi nilielekeza. Sikuwahi kukigusa kifaa chenyewe. Mpanga miji hashiki koleo.

Na hapa niwakumbushe kazi niliyoifanya maishani, maana naona watoto wanadhani nilizaliwa na kochi. Nilikuwa mpanga miji. Nilichora mitaa yenye miti pande zote mbili, mifereji isiyotuama maji, viwanja vya watoto visivyopakana na barabara ya malori. Michoro yangu ilipokelewa, ikasifiwa, ikapigwa mihuri, ikakunjwa na kuwekwa kabatini. Mahali nilipochora shule, leo pana gereji. Mahali nilipochora bustani, pana gereji nyingine. Mji pekee niliowahi kuupanga ukajengwa kama nilivyoupanga, kona kwa kona, ni ule uliokuwa kiganjani mwa Binti. Sasa na huo haupo. Ndiyo maana nimewaita.

Hoja zangu ni hizi zifuatazo.

1. Hapakuwa na taarifa. Hata kibanda cha kuuza vocha huchorwa alama ya X kwa rangi nyekundu kabla ya kubomolewa, mwenyewe akapata nafasi ya kulia na kuhamisha meza yake. Mimi sikuchorewa chochote. Kifaa chenyewe kilikuwa na adabu kuliko mtumiaji wake: kilimuuliza Binti, kwa lugha yake, kama ana hakika. Akajibu ndiyo. Kikashtuka, kikamuuliza tena, kikimweleza kwamba kila kitu kitapotea. Akajibu ndiyo kwa kidole kilekile, huku akinitaka nimsogezee kikombe cha chai. Nami nikakisogeza! Nilidhani anaulizwa habari za betri.

2. Wakazi hawajulikani walipo. Tulikuwa na mwokaji mikate aliyefungua duka lake kabla ya kupambazuka. Tulikuwa na mwalimu mwenye miwani. Tulikuwa na bibi kizee aliyepoteza mbuzi kila wiki na kutushukuru kila wiki kwa kumrudishia, mbuzi yuleyule, nyuma ya ukuta uleule. Nilipouliza watu hawa wamekwenda wapi, Binti alinijibu bila hata kuinua macho: "Hawajaenda popote, Shangazi. Hawajaja bado." Nawaomba wajumbe mlitafakari jibu hilo. Nimefanya kazi na halmashauri kwa umri wangu wote, nimesikia majibu ya kila aina kuhusu watu waliohamishwa, lakini hilo hakuna halmashauri iliyowahi kulithubutu.

3. Ndoa imevunjwa. Katika mchezo huo mchezaji anaruhusiwa kufunga ndoa na mkazi, na mume wa Binti nilimtafuta mimi. Nilimkatalia mpiga gitaa, kijana wa kushinda amelala nyasini akisema anatunga. Nikampendekeza mhunzi: mtaratibu, mwenye kazi ya mikono, asiyeropoka, na ambaye nyumba yake ilikuwa imekaa sawasawa ndani ya mpaka wa kiwanja. Siku ya harusi nilishangilia kwa sauti, hata Wifi akatoka jikoni mbio na mwiko mkononi akidhani Binti amepata mchumba wa kweli. Tulimwomba radhi, akarudi jikoni hana raha.

Ndoa hiyo leo haipo. Haikuvunjwa na wazee, haikuvunjwa na mahakama, na mume hakuambiwa. Juzi nilichungulia nikamwona mhunzi wa watu akimsimamisha mkewe njiani na kumwambia: "Karibu, mgeni. Umehamia lini?" Breki, hapa ndipo ruhusa yako ya kucheka inapoanzia, lakini mimi sikucheka. Binti alicheka mpaka akakohoa. Kisha akampita yule bwana kama anayepita nguzo ya umeme, akaenda kusikiliza gitaa.

4. Mji mpya hautazamiki. Nitasema machache kwa ajili ya shinikizo langu la damu. Barabara kuu imepinda. Haikupindishwa na mlima wala mto, imepindishwa na Binti, kwa maelezo kwamba "inapendeza ikijificha kidogo mbele." Banda la kuku linatazamana na zahanati, naye ni muuguzi! Soko ameliweka juu ya kilima, na maji yote ya mvua yatakayotoka huko yatashukia kwenye tanuri la mwokaji, siku huyo mwokaji atakapokuja. Nilimweleza mambo ya mteremko kwa upole kabisa, nikitumia sahani na mchuzi wangu mwenyewe kama mfano. Akasema, "Sawa, Shangazi," kwa ile sauti ambayo wauguzi humwekea mgonjwa anayedai amepona.

5. Hii ndiyo nzito. Nilimuuliza Binti mji ule ulikosa nini. Mfereji ulivuja? Kisima kilikuwa mbali? Akasema hapana, mji ulikuwa mzuri mno, ila ulikuwa umekwisha. Kila jioni alikuwa akitembea tu ndani yake akiwasalimu watu. Kisha akaniangalia usoni, akasema: "Shangazi, safari hii nataka nikosee mwenyewe."

Tangu siku hiyo anachezea chumbani kwake, mlango umerudishwa. Mimi nakaa kwenye kochi lilelile, na mkono wa kochi uko wazi.

Ndugu wajumbe, najua mnachotaka kusema. Mnataka kusema ni gemu tu. Kaka ameshasema hivyo mara mbili, mara ya pili akiwa amejifunika gazeti. Basi vuteni subira niwaonyeshe jambo hili linakoelekea.

Leo muuguzi anafuta mji kwa kosa la kukamilika. Kesho Breki atafika salama na mzigo wake, geti likafunguliwa, wapakuzi wakavua mashati, naye akajisikia kwamba safari ilikuwa nzuri lakini kona ya pale kwenye daraja angeikata vingine. Atageuza lori na kurudi alikotoka, mzigo ukiwa bado umefungwa turubai. Keshokutwa Wifi atakuwa ameshamaliza kushona suti ya mteja, kifungo cha mwisho kimekaa, mteja yuko mlangoni, naye atashika mkasi na kufumua kuanzia kola, akimwambia mteja kwamba ilikuwa imekwisha. Kaka, uliyeijenga nyumba hii kwa miaka mingi, utaamka ukaona dirisha la choo lingefaa upande wa pili, na tutakukuta juu unang'oa bati. Watoto hawa waliokaa chini, ambao sijawahi kuwaona wakimaliza zoezi la hesabu, watapata hoja ya kutolianza.

Na mwisho wa yote, Mama yetu, mwenye haki kuliko sisi sote, atatutazama tulivyojipanga humu ndani leo. Atamwona Kaka na saa yake, Breki na dari yake, mimi na barua hii. Atasema, "Kumbe mmeishia kuwa hivi? Basi ngoja nianze upya." Hapo ndugu zangu hatutakuwa na wa kumlalamikia, maana sote tutakuwa hatujaja bado.

Kwa hiyo, na kwa kuwa shauri hili limezidi uwezo wa shangazi mmoja, kikao hiki kinaamua kama ifuatavyo. Nimeyaandika maamuzi mwenyewe ili kuokoa muda wa Mwenyekiti:

(a) Kwamba Binti atakirudisha kifaa sebuleni na kukichezea mahali pa wazi, mbele ya mtu mwenye taaluma.

(b) Kwamba barabara kuu itanyooshwa, na banda la kuku litahamishwa kabla kuku hawajazoea.

(c) Kwamba Binti atarejea kwa mhunzi. Kama mhunzi ameumia moyoni, Kaka Mkubwa na Breki watateuliwa kwenda kuzungumza naye. Binti atawaonyesha vitufe.

(d) Kwamba kuanzia leo hakuna mtu wa familia hii atakayefuta jambo lililokamilika, liwe la mkononi au la duniani, bila akidi ya nusu ya wajumbe na ridhaa ya shangazi.

Wanaounga mkono wainue mikono sasa hivi, Kaka akiwa bado amesimama. Wanaopinga waelekee jikoni wakaoshe vikombe.

Nawashukuru kwa masikio yenu. Mtakaporudi makwenu, nisalimieni majirani wote, na wale waliozaa hivi karibuni, na wale waliokuwa wanaumwa wakapona, na yule fundi aliyeniahidi kuja kutazama bomba. Mwambieni salamu zangu si za kumkumbusha, ni salamu tu.

Wenu katika utaratibu,

Shangazi
Mpanga Miji (Mstaafu)

Nyongeza. Kaka, hapa soma polepole.

Nilikuwa nimeshatia sahihi Binti alipoingia chumbani kwangu jana asubuhi, ametoka zamu, sare bado mwilini. Akaiona barua mezani, akaisoma yote akiwa amesimama. Hakubisha hata hoja moja. Alitoka, akarudi na kifaa, akanionyesha kwamba mchezo huo unapokea mchezaji wa pili mwenye mji wake mwenyewe, jambo ambalo hakuna aliyewahi kunidokeza katika nyumba hii. Akanishika vidole akaviweka kwenye vitufe, akasema, "Ujenge uleule, Shangazi. Wewe unaukumbuka wote." Halafu akajilaza kitandani kwangu, akalala na viatu.

Ni kweli naukumbuka wote. Niliweka barabara kuu, nikaweka mfereji, nikaweka uwanja wa watoto, na kila kitu kikakubali kukaa mahali pake. Mwokaji akahamia. Bibi kizee akahamia na mbuzi wake akapotea, nami nikaenda moja kwa moja nyuma ya ukuta nikamtoa. Mhunzi akanisalimu kwa heshima. Nikasimama katikati ya mtaa, mtaa wangu, ulionyooka kama nilivyoutaka tangu ujana wangu, nikatazama mbele, na hapakuwa na kitu hata kimoja huko mbele ambacho sikukijua.

Kifaa kiliniuliza kama nina hakika. Sikumwamsha mtoto wa watu kwa swali jepesi namna ile.

Basi mikono mliyoinua ishusheni, na mlio jikoni rudini mkae. Maamuzi (a) hadi (d) yametenguliwa na mlalamikaji mwenyewe. Uamuzi pekee unaobaki ni kwamba mnywe chai na msipite karibu na kochi. Kaka, uliyeniinamia begani jana mchana kutwa ukisema kisima kingefaa zaidi upande wa mashariki, ukimaliza kusoma mstari huu nenda ukakae na wenzako. Salamu zenu nitaziitikia baadaye. Sasa hivi nachimba msingi.