Ombi la Kusimamisha Harusi Hadi Kengele ya Katibu Irudishwe

Duka la Dobi, chumba cha nyuma,
Jumanne, baada ya kukunja mashuka ya hoteli.

Kwa Dada yangu Mkubwa,
Msimamizi wa Harusi ya binti yangu.

Dada mheshimiwa,

KUHUSU: KUSIMAMISHA HARUSI YA JUMAMOSI IJAYO KWA SABABU YA WIZI

Shikamoo. Natumaini mguu umepungua uvimbe na kwamba wote hapo kwako hawajambo. Sisi huku wazima, isipokuwa mimi.

Nakuandikia rasmi badala ya kukupigia simu kwa sababu mara ya mwisho nilipokueleza jambo hili kwa simu ulicheka mpaka simu ikakuponyoka, na nikabaki namsikiliza mbwa wako. Safari hii nakuomba usome ukiwa umekaa, na umevaa miwani, na hakuna mtu wa kukuchekesha pembeni.

Kwa kuwa hujawahi kuugusa mchezo wenyewe, naanza na maelezo. Unaitwa Vidubwana. Mtu huzunguka porini ndani ya mashine ndogo ya mkononi akikamata vidubwana, akiwalea na kuwapiganisha na wa wenzake. Umetoka katika matoleo mawili: toleo la Mlimani, ambalo ni langu, na toleo la Bondeni, ambalo ni la binti yangu. Watengenezaji, kwa roho mbaya waliyonayo, waliweka vitu vingine Mlimani tu na vingine Bondeni tu. Na kitu hakiwezi kuvuka chenyewe kutoka mchezo mmoja kwenda mwingine. Lazima kidubwana akibebe. Unamfungia shingoni, unaunganisha mashine mbili kwa waya, unamtuma kwa mwenzako, naye anakutumia wake awe kama dhamana. Alichokibeba kinavuka naye. Mkimaliza, kila mtu anarudishiwa wake.

Ndiyo, Dada, nina miaka hamsini na minane. Hilo nalijua. Wateja nao wanalijua, na yupo mmoja, karani wa mahakama, ananiita Babu Gemu mbele ya watu huku ananidai suruali zake.

Lakini niliuanza mchezo huu kwa sababu ya halali. Unakumbuka binti yangu alipovunjika mguu akiwa na miaka kumi na miwili. Tulikuwa tumeshabaki wawili tu, na mchana nyumbani hakuna mtu, kwa hiyo alilala miezi miwili kwenye godoro nyuma ya meza yangu ya pasi, akihesabu vifungo. Mwalimu mmoja aliyekuwa akileta mashati yake hapa alikuwa anauza mashine mbili kuukuu. Nikazinunua zote. Yeye akachagua Bondeni, mimi nikabaki na Mlimani, na kidubwana wangu wa kwanza alikuwa mfano wa kobe mwenye pembe moja. Nikampa jina la Katibu, kwa kuwa alikuwa anakaa tu na kutazama.

Sasa sikiliza, hapa ndipo penye kiini. Katibu hakui kama vidubwana wengine. Hukomaa kwa njia moja tu: avuke kwenda mchezo mwingine akiwa amefungwa Kengele ya Shaba. Akifika ng'ambo kengele inalia, inapasuka, na yeye anakuwa mkubwa. Kengele hiyo inapatikana Bondeni pekee, tena ni moja tu katika mchezo mzima. Binti yangu aliipata wiki ya mwisho kabla mguu haujafunguliwa. Angeweza kuitumia kwa kobe wake mwenyewe, maana kengele huwafaa kobe wa aina hiyo tu. Hakuitumia. Alimfungia ndege wake shingoni, akamtuma kwangu, akajifanya amelala.

Nimeitunza miaka kumi na mitatu. Sikuwahi kuitumia, kwa kuwa nilikuwa nangoja wakati mwafaka, na miaka kumi na mitatu si mingi kwa mtu makini.

Akaja huyu mchumba, fundi wa friji, ambaye mtaa mzima unamwita Fundi Baridi. Mara tatu alikuja kunisalimia na mara tatu tulikaa tukitazamana mpaka chai ikapoa. Binti akaona aibu. Akakata shauri kwamba wanaume wawili wasiojua la kuzungumza wabadilishane vidubwana. Akamkabidhi Fundi mashine yake ya Bondeni, kisha akaniomba mimi baba yake nimtume Katibu avuke na kengele, akakomae mikononi mwa mkwe wangu kabla ya harusi. Alisema ndiyo zawadi pekee anayoitaka kwangu. Nikakubali kwa moyo mweupe. Yaliyofuata ndiyo haya ninayoyalalamikia:

1. Kwamba Jumapili ya wiki mbili zilizopita, hapa hapa mezani, nilimfungia Katibu kengele kwa mkono wangu mwenyewe, nikamkagua kama inavyopasa, nikamtuma. Katibu alifika ng'ambo hana kengele. Hakukomaa. Alikaa tu akitazama, kama kawaida yake. Fundi akasema kwa upole kwamba hajaona kitu. Dada, kitu kimetoka kwangu, hakikufika kwake, na kati yetu kuna waya wa urefu wa kijiko. Kimeingia wapi?

2. Kwamba sikutaka kumhukumu mtu kwa kosa moja. Nikamtega. Nikamfungia Katibu chupa ya dawa ya usingizi, kitu cha hali ya chini, nikamkagua, nikamtuma. Chupa haikufika! Mtu anayeiba kengele nitamwelewa. Anayeiba dawa ya usingizi ya kobe anahitaji maombi.

3. Kwamba nikarudia tena kwa kofia ya mvua. Mambo yakawa yale yale. Hapo nilisimama, nikazima pasi, nikamwambia Fundi kwamba sasa inatosha. Akaniuliza kama nimeangalia vizuri upande wangu. Upande wangu! Mimi, niliyefua nguo za watu miaka thelathini na hakijapotea hata kifungo, naambiwa na mtu wa friji niangalie upande wangu.

4. Kwamba kila alipomrudisha Katibu, alimrudisha na tunda. Mara ya kwanza tunda jekundu, mara ya pili la njano, mara ya tatu mawili ndani ya kapu. Wewe ni mtu mzima, unajua maana yake. Asiye na hatia hatoi matunda.

5. Kwamba hakasiriki. Nimemwita kwa majina ambayo siwezi kuyaandika kwenye barua inayokwenda kwako, naye akainamisha kichwa akasema samahani Mzee, tujaribu tena. Nimeishi na watu, Dada. Mtu wa kawaida ukimwita mwizi mara tatu anakurushia hata ndoo. Huyu ametulia kabisa, jambo linaloonyesha amezoea.

6. Kwamba analeta mashati yake kwangu yakiwa na mifuko mitupu. Hana risiti, hana msumari, hana hata kijiti cha meno. Fundi gani huyo? Nimepekua kila mfuko, wa kifuani na wa pembeni, nikitarajia kupata chochote cha kunisaidia kumjua. Mtu amejiandaa.

7. Kwamba ukiyaweka pamoja haya yote, mambo yanajieleza. Mtu anayeweza kuvua kengele shingoni mwa kobe aliyetumwa kwa nia njema, atashindwa nini? Leo kengele, kesho masufuria, keshokutwa ukoo mzima umehamia kwake na sisi tumebaki tunatazama ukuta. Binti yangu nitamtuma kwake akiwa na kila kitu nilichompa tangu utotoni, na nina uhakika gani kwamba atafika navyo?

Najua utauliza kama nimetafuta kwangu. Mkoba wangu ndani ya mchezo una vitu mia tatu na kumi na saba, maana mimi si mtu wa kutupa kitu, na maandishi yake ni madogo kama chembe za chumvi. Isitoshe, ukishamtaja mwizi hadharani, kuanza kupekua mkoba wako mwenyewe ni kujivunjia heshima. Nilifikiria kufanya hivyo Jumatatu, nikajizuia.

Kwa hiyo, kwa heshima zote, naomba yafuatayo. Kwanza, harusi isimame hadi Kengele ya Shaba ipatikane, na wageni waambiwe kuna uchunguzi. Pili, Fundi aandike maelezo ukurasa mmoja, kwa kalamu yake mwenyewe, wewe ukiwepo. Tatu, wakati wote wa uchunguzi binti aendelee kukaa nyumbani katika chumba chake kile kile. Kitanda nimekiimarisha, pazia nimelifua, na dirisha lililokuwa halifungi sasa linafunga. Uchunguzi ukichukua miaka, mzigo huo niko tayari kuubeba, wala sitalalamika.

Sitaki uniweke katika fungu la wazee wasumbufu. Najitazama kwenye kioo cha kabati hapa, naona mtu mwenye mvi, amefunga aproni, ameshika kimashine cha watoto na machozi yanamlenga kwa ajili ya kobe asiyekuwepo duniani. Nimejicheka kabla hujanicheka. Lakini kucheka hakuirudishi kengele, na Jumamosi inakuja.

Msalimie shemeji, umwambie koti lake limetakata ila doa la wino limekataa katakata. Wasalimie wajukuu wote, aliyeota jino na ambaye bado. Msalimie jirani yako fundi cherehani, na yule mwingine asiyeitika salamu, naye msalimie vile vile. Fundi Baridi usimsalimie.

Ni mimi mdogo wako, ninayesimama upande wa haki na pasi bado ya moto mkononi,

Dobi,
Baba wa Bibi Harusi (kwa muda, kutegemea uamuzi wako).

Tanbihi, Alhamisi mchana:

Dada, barua hii ilikuwa haijapata mtu wa kuileta, na jana binti yangu alikuja hapa dukani kujaribu gauni. Aliniona nimenuna. Akaichukua mashine yangu, akaketi juu ya kapu la nguo chafu, akaufungua mkoba wangu na kushuka nao taratibu hadi chini kabisa. Kisha akaiweka mashine mbele yangu. Kengele ya Shaba, moja. Dawa ya usingizi, moja. Kofia ya mvua, moja. Na matunda manne ambayo hata sikumbuki kuyavua.

Nikasema huo ni uchawi. Akaniambia nimfungie Katibu kengele tena, na nifanye kama namtuma, yeye akitazama. Nikamfungia. Nikamkagua. Na katika kumkagua huko, mkono wangu huu, Dada, macho yangu yakiwa wazi, ukaivua kengele ukaitia mkobani, kisha ukabonyeza kumtuma Katibu kobe mtupu. Akasema hivyo ndivyo ninavyoifanyia kila suruali inayopita mezani pangu: mkono unaingia mfukoni, kilichomo kinatoka, ndipo nguo inakwenda.

Nikashukuru sana. Nikasema basi, ni mazoea tu ya kazi, sina kosa. Hapo ndipo aliponitazama. Akasema suruali huwa naangalia nilichokitoa, nakitia kwenye bahasha na kuandika jina la mwenyewe. Hii kengele nimeivua bila kuangalia. Nikachukua shati lililokwisha kupigwa pasi, nikalipiga tena.

Kweli, Dada. Sikutaka akue. Nilikuwa nataka abaki vile vile alivyokuwa nyuma ya meza.

Kwa hiyo yote niliyoandika hapo juu, kuanzia namba moja hadi saba, ni uongo nilioandika kwa nia njema. Harusi iendelee. Ningeichana barua, ila nyuma ya ukurasa wa pili niliorodhesha nguo za harusi zilizokwisha kupigwa pasi, na najua utaanza kuniuliza orodha iko wapi. Anayekuletea ni Fundi mwenyewe, maana jioni atapita kuichukua akija kulitazama friji lako. Bahasha nimeifunga kwa gundi. Ukiisoma mbele yake jitahidi usicheke, na msalimie kwa heshima zote, kisha umpe chakula ashibe.

Leo asubuhi alikuwa hapa. Tumeunganisha waya, nikamfungia Katibu kengele, nikaweka mkono wangu wa kulia chini ya paja nikaukalia, na kwa wa kushoto nikamtuma. Kengele imelia. Dada, amekuwa mkubwa, ana pembe mbili na mgongo mpana, mzuri kupita kiasi. Fundi akaanza kutafuta namna ya kumrudisha kwangu. Nimemwambia asimrudishe, akae huko huko Bondeni. Nimemwelekeza tu kwamba Katibu hapendi kutangulizwa vitani kabla hajala, na kwamba akinyamaza muda mrefu si kwamba amekasirika, ndivyo alivyo, amwache akae karibu.