Utepe Mwekundu kwenye Faili Letu

Jumatatu, 3 Machi
Mahakamani tena, mara ya kumi na moja. Sisi wastaafu ishirini na sita tunadai pensheni yetu, mwaka wa nne huu. Kesi imeahirishwa hadi Alhamisi. Faili letu lilikuwa chini kabisa ya rundo, jaji akachoka kabla hajalifikia. Mwenyekiti wetu, Dereva, akatuambia tuvute subira. Subira! Alimwendesha mkurugenzi tu, mafaili anayajulia wapi? Mimi nilikuwa tarishi miaka thelathini na moja. Kusoma nasoma kwa kukwamakwama, lakini faili nalijua hata gizani.

Jumanne, 4 Machi
Dawa nimeipata! Ofisini kwetu faili la haraka lilifungwa utepe mwekundu. Likawekwa juu, bosi akalishika kabla ya chai. Nimemwomba mke wangu kipande cha utepe kwenye kikapu cha cherehani. Akauliza wa nini. Siri ya serikali, nikamjibu. Akasema, serikali ipi, hii iliyokusahau? Ana ulimi huyu mama. Paa linavuja upande wake wa kitanda, ndiyo maana.

Jumatano, 5 Machi
Nimeingia masijala ya mahakama. Kaki yangu ya kazi, bahasha tupu mkononi. Mtu wa kaki na bahasha haulizwi kitu. Faili letu nikalijua kwa unene wake. Utepe, fundo la kitarishi, nikatoka kifua mbele. Nikamwambia Dereva kesho tutaitwa wa kwanza. Akanitazama kama tairi lililotoboka. Wivu!

Alhamisi, 6 Machi
Hatukuitwa kabisa.
Dereva akaenda kuuliza. Karani akamwambia hapa utepe mwekundu ni kesi iliyokwisha. Faili letu limeshapelekwa stoo, na fundo lake halifunguki! Wenzangu wakauliza ni mkono wa nani. Nikakagua viatu vyangu. Nesi mstaafu akasema fundo lile analijua, limemvunja kucha miaka ishirini kwenye barua nilizompelekea. Kelele! Eti mzee mzima hovyo. Mlinzi mstaafu mwenzetu, aliyekuja kwa magongo mawili, hakunigombeza. Aliuliza tu arudi lini. Heri angenitukana.

Ijumaa, 7 Machi
Dereva ameshinda stoo tangu asubuhi, akalipata faili chini ya kiti kibovu. Sasa wote wanamwita shujaa. Aliyelifanya lijulikane ni nani? Kesi ni tarehe ishirini. Mimi nimepigwa marufuku kukanyaga masijala. Mke wangu akasema, baba watoto, tulia. Nimetulia.

Jumamosi, 8 Machi
Nimekutana na karani sokoni. Nikamuuliza kwa adabu, hapo kwenu kesi za haraka mnazifunga na nini. Akasema hazifungwi na chochote, mzee, jaji mwenyewe anazijua.
Anaficha. Makarani wote ndivyo walivyo.
Kikapuni kuna utepe wa kijani. Kaki nimeifua, iko kambani inakauka.