Kiti cha Mawazo na Shangazi Aliyekikalia

Jongeeni, enyi akina mama mliolea mabinti, acheni sufuria ziungue, mnisikilize! Nina habari nzito kuliko vita vya wafalme, nayo imetukia sebuleni kwangu, kati ya kabati la vyombo na dirisha.

Ilianza na uvumi ulionikaa kooni kama mwiba. Walisema bombani kuwa binti wa fundi cherehani, katika ile sanaa ya kufinyanga mawazo, alijifikiria gauni, akalivaa, akatoka nalo. Alipopiga chafya fikra ikakatika, na gauni likaenda zake. Sikupata usingizi. Maana na wangu ni mfinyanzi, tena wa kipaji: akikaza fikra na kuzungusha viganja hewani, kile anachokiwaza husimama mbele yako, unakishika, nacho hudumu mpaka akili yake ihamie kwingine.

"Mama, nafinyanga vijiko tu," huniambia.

Vijiko! Kila msiba una kijiko chake cha kwanza.

Basi ikawa siku ile tuliyomngoja Shangazi, dada wa baba yake kijana aliyemposa binti yangu. Mvunja-Posa, Mwenye-Neno-la-Mwisho, ambaye ukoo mzima humngoja akohoe ndipo nao wakohoe. Akikubali, kuna harusi. Akinuna, posa imekufa. Na asubuhi hiyohiyo baba watoto, Shujaa wa Balbu, alikuwa amepanda juu ya kiti cha mgeni kubadilisha taa. Mguu ukalia *ka!* na kiti kikalala chali kama askari aliyesalitiwa.

"Hodi hapa!" sauti ikanguruma nje.

"Usihangaike, mama," akasema binti. "Nitakifinyanga."

"Mwanangu, ukoo mzima unakuja kukalia akili yako!"

"Akili yangu ina nafasi."

Akazungusha viganja, na tazama, kiti kikasimama, kina mto mwekundu, kinang'aa kuliko vyote tulivyowahi kununua. Lakini sanaa hii ina ubaya mmoja: ina masikio. Neno likimwingia mfinyanzi, fikra hulifuata kama mbuzi afuatavyo majani. Nikamvuta baba watoto pembeni.

"Leo humu ndani tunasema *keti*. Lile neno jingine lifungie kabatini."

"Nimesikia, mama watoto. Kwani mimi mtoto?"

Shangazi akaingia kwa kishindo cha majeshi. Akakipa kiti mgongo, akaanza kushuka. Hapo ukarimu ukampanda baba watoto kichwani, akapaza sauti:

"Karibu, mkwe wetu! Kaa! Kaa kabisa!"

Ole wetu! Kiti kikaota macho juu ya vijiti. Kikaota gamba, kikaota magando mawili, kikaanza kutembea upandeupande. Nikamshukuru Mungu kwamba binti hakuwaza kaa la moto. Na Shangazi anashuka, anashuka kwa heshima zote, wala hajui kinachomngoja.

Binti angeiachia fikra, kaa angetoweka, na Shangazi angekutana na saruji. Hakuiachia! Akamkabili yule mnyama kwa akili tupu, jasho likimtiririka kama mpiganaji wa siku saba. Magando akayapinda yakawa mikono ya kuegemea. Gamba akalilainisha likawa mto. Macho akayazima. Miguu tu hakuiwahi.

Shangazi akatua.

"Hiki kiti," akasema akichungulia chini, "mbona miguu mingi hivi?"

"Ili kisiyumbe, shangazi," akajibu binti bila kupepesa macho.

"Ehee. Na mume akikujia juu, utafanyaje?"

"Nitastahimili uzito."

"Na wakwe wakijazana kwako?"

"Nitawapa mikono waegemee."

"Na shida zikizidi?"

"Miguu yangu yote itabaki chini."

Shangazi akanigeukia, macho yamemlowa. "Mkwe, wasichana wa siku hizi maneno matupu. Huyu ana msimamo! Nimemkubali."

"Tangu mdogo alikuwa anaka—" baba watoto akadakia. Nikamkanyaga kidole.

Shangazi akaondoka akipiga vigelegele mtaa mzima. Kiti kikayeyuka, na binti akaanguka mkekani. Ivumeni, enyi vizazi! Siku hiyo mgeni aliketi juu ya fikra ya msichana, na sakafu haikumgusa!

Nikampepea kwa mfuniko wa sufuria. "Na huyo kijana, mwanangu, unampenda kweli?"

Akanitazama kama mtu aliyeamshwa.

"Sijui, mama. Sikupata nafasi ya kumfikiria. Nilikuwa nafikiria kiti."

Nje vigelegele vilikuwa vimeshafika njia panda.

Kwa hiyo, akina mama, epukeni haya:

Kusema "kaa" mbele ya mfinyanzi.

Kumwachia baba watoto kazi ya kukaribisha.

Kuficha kiti kilichovunjika. Mgeni akiambiwa ukweli huketi mkekani, na hafi.

Kujibu posa siku ambayo binti ana mzigo kichwani.

Kumsifu binti kwa msimamo kabla hujamuuliza anawaza nini.